Lali ya Mtondoo

Mimi nilikuwa mmoja wa waliocheka. Naanza na hilo ili asije mtu akaniumbua baadaye, maana kijiji chetu cha Vailoto hakina siri; nyumba zenyewe hazina kuta. Siku lali ya kwanza ya Penitoa, ngoma ya gogo ya kuitia sala, ilipopasuka mbele ya kanisa zima, nilicheka mpaka nikajifuta machozi kwa ukingo wa nguo yangu nyeupe ya Jumapili. Siku hizi nikimwona anapita na tezo begani naona haya kidogo, halafu naona fahari, na hiyo fahari ndiyo imenikalisha chini kumsimulia.

Penitoa ana miaka arobaini na saba. Ni mtu mrefu, mpole, mwenye sauti nzito inayotoka polepole, hata ukimuuliza habari za asubuhi unaweza kumenya jimbi zima kabla hajamaliza kujibu. Hana cheo cha uchifu. Hakuoa pia, na ukimuuliza kwa nini, anasema bado ana kazi. Ujanani alikwenda Auckland akafanya kazi kiwanda cha nyama kwa miaka minne pamoja na ndugu zake. Wenzake walibaki. Yeye alirudi kwa sababu mama yao, Bibi Leutu, alikataa katakata kupanda ndege, na kwa maneno yake Penitoa mwenyewe, mama hawezi kuachiwa kuku.

Baba yao, marehemu Saumalu, ndiye aliyechonga lali ya zamani ya kanisa. Lile gogo lililochimbwa tumbo lilikuwa likipigwa kwa fimbo mbili, na sauti yake ilikuwa ikitutoa shambani, baharini na kwenye usingizi wa mchana. Tufani ikaja ikabomoa kanisa, mawimbi yakabeba lali yakaenda nayo yanakojua yenyewe. Kanisa tukalijenga upya. Kwa lali tukafanya uvivu: tukaning'iniza mtungi mtupu wa gesi kwenye mshelisheli, tukawa tunaugonga kwa nondo. Unalia *ngeng ngeng*, sauti kali inayopenya kwenye meno, lakini unasikika, na hakuna aliyelalamika.

Hakuna, ila Bibi Leutu. Masikio yake yalianza kufa upande wa sauti nyembamba. Kwanza walipotea ndege, wakafuata watoto, mwisho tukapotea sisi wanawake. Tukiongea naye anaona midomo tu inacheza. Sauti nzito zilibaki. Penitoa akimwinamia anamsikia, mchungaji wetu mwenye sauti ya besi anamsikia, radi anaisikia. Mtungi wa gesi hausikii kabisa.

Sasa, kwetu sala ya jioni si mchezo. Wito wa kwanza, kila mtu aelekee nyumbani. Wa pili, familia zinaketi na kusali, na barabarani asionekane hata mbwa. Wa tatu, tumeachiliwa. Vijana wa kijiji wanasimama kando ya njia kuhakikisha. Jioni moja Bibi Leutu alitoka kuchuma majani ya majimbi, na wito wa pili ulipopigwa yeye alikuwa katikati ya barabara na kikapu chake, anatembea bila wasiwasi, anamwimbia Mungu peke yake. Vijana wakamsimamisha. Baraza likatoza familia yake katoni ya samaki wa kopo, kwa sababu sheria ni sheria hata kwa mzee.

Huyu ni mwanamke aliyefundisha watoto wa Jumapili miaka arobaini. Mimi mwenyewe alinivuta sikio kwa kuchelewa sala. Samaki walilipwa siku ile ile, lakini aibu ilimganda mwilini. Tangu siku hiyo, jua likianza tu kuteremka, anaingia ndani, anakaa katikati ya mkeka, hatoki. Anaogopa barabara. Jioni mtu lazima apite kumgusa bega kwamba sala imefika, na akisahaulika anakaa hivyo hivyo, mikono mapajani, akitazama nyumba za wenzake ajue kama wameinama.

Hapo ndipo Penitoa alipoamua kwamba kijiji lazima kipate lali.

Gogo lilijileta. Januari bahari ilikula ufuko mbele ya nyumba yao, na mtondoo mkubwa uliosimama pale tangu enzi za mababu ukalala chini. Penitoa akaenda mbele ya baraza la machifu, akaketi nje kidogo ya ukingo wa nyumba ya baraza kama anavyotakiwa mtu asiye na cheo, akaomba.

Chifu Moegalu ndiye mwenye kauli ya mwisho katika mambo ya kanisa. Tumbo lake limemtangulia, na ulimi wake umelitangulia tumbo.

"Penitoa," alisema, "mtungi unasikika mpaka kwenye miamba. Mama yako tu ndiye hausikii. Tubadilishe kijiji kizima kwa ajili ya masikio mawili?"

"Ndiyo, mheshimiwa," akajibu Penitoa.

Wakacheka, na kwa kuwa walikuwa wamecheka, wakakubali. Sherehe ya miaka mia ya kanisa ilikuwa Mei. Lali ingefaa.

Hapa ndipo tulipoharibu, na nasema *tulipoharibu* kwa makusudi. Kwa desturi yetu fundi anayechonga kitu cha kijiji hashiki chungu. Anayemfanyisha kazi ndiye anayemlisha, na alishwe vizuri, la sivyo anakusanya tezo zake anaondoka bila kuaga. Tukapanga zamu nyumba kwa nyumba. Wiki ya kwanza tulimpelekea samaki wabichi kwenye tui, majani ya majimbi ya kuchoma, mguu wa nguruwe. Wiki ya tatu zikaanza pua kukunjwa.

"Kuku wangu wawili wameshaingia tumboni mwa yule bwana," nilimwambia mke wa mchungaji. "Anachonga lali au anachonga kuku?"

Maneno yakamfikia, kama yalivyokusudiwa. Penitoa ni mtu wa kuona soni. Akaanza kuchonga alfajiri mpaka giza ili atupunguzie mzigo, na lali ikawa tayari ndani ya wiki tano.

Siku ya sherehe palikuwa na wageni mpaka kutoka mjini Apia. Mchungaji akaomba, kwaya ikaimba, Penitoa akainua fimbo mbili akapiga pigo la kwanza. Sauti ilikuwa nzito, nzuri, nikahisi kifua kinajibu. Kabla haijaisha tukasikia *kraa*, na ufa ukakimbia kutoka mdomo wa lali hadi mwisho wake. Pigo la pili lilitoa sauti ya mtu anayepiga teke ndoo. Kisha Moegalu akasema, kwa utaratibu kabisa, "Nadhani ilikuwa ya wito mmoja tu," na kanisa zima likaangua kicheko, na mimi nikiwemo. Jina la Pigo Moja lilimkaa kabla ya chakula cha mchana.

Jioni ile nilikwenda nyumbani kwao. Nilijidai napeleka chakula, kumbe nilikwenda kuchungulia uso wake. Alikuwa ameiburuta ile lali mpaka nyumbani kwa toroli. Bibi Leutu alikuwa amepiga magoti kando yake, kidole chake kimo ndani ya ufa, anakipitisha taratibu.

"Ulilizika muda gani?" alimuuliza mwanawe.

Penitoa akainama sikioni kwake. "Kuzika nini, Mama?"

"Gogo. Baba yako alikuwa akilizika kwenye tope la mikoko miezi sita, litoe hasira zake kule. Kila siku akienda mikokoni ulidhani anakwenda kutafuta kaa?"

"Mbona hukuniambia?"

"Mbona hukuniuliza? Tangu masikio yaende, mnadhani na akili zimefuata."

Nilitamani mkeka unimeze. Zile wiki tano tulizomkimbiza Penitoa, yule mama alikuwa ameketi hatua ishirini kutoka kwenye gogo, amebeba jibu zima, na hakuna aliyejisumbua kuinama amuulize. Hata mwanawe. Alikuwa anamchongea mama yake kitu asikie, akasahau kwamba mama anaweza kusema.

"Na mafuta?" Bibi Leutu akaendelea. "Ulipaka mafuta gani?"

"Ya nazi."

"Ya nazi," alirudia, akanigeukia mimi kana kwamba nilikuwa shahidi wa upuuzi huo. "Mti una kokwa zake, unalala juu ya kokwa zake, yeye anaupaka nazi."

Nusu ya mtondoo ilikuwa bado ufukoni. Penitoa akarudi barazani, na safari hii hakuna aliyecheka kwa furaha. Moegalu alitaka gogo lililobaki lipasuliwe mbao za mabenchi. Penitoa akaomba muda, akakaa pale pale bila kuondoka, mpaka wazee wakachoka kuyatazama mabega yake.

"Sikiliza," Moegalu akasema. "Nakupa mpaka Februari. Usiipige hata mara moja kabla ya siku nitakayochagua mimi, na mama yako asiambiwe siku. Mimi mwenyewe nitakuwa nimeketi naye nyumbani kwake, kule mwisho wa kijiji. Akisikia, lali inakaa kanisani na mtungi tunautupa. Asiposikia, utaipasua kuni kwa mikono yako, na tusisikie tena habari za lali mpaka nife."

"Vema, mheshimiwa."

"Na chakula hatupeleki."

"Vema, mheshimiwa."

Alilizika gogo kwenye tope la mikoko akalikandamiza kwa mawe. Miezi sita akawa anakwenda kulitazama kila maji yakitoka, na kila akipita vijana wanamwita, "Pigo Moja, umemwamsha marehemu?" Naye anajibu, "Bado amelala," anaendelea na njia yake. Sikuwahi kumwona amekasirika. Mimi ningekuwa nimeshamrushia mtu tope.

Kazi ya mafuta niliichukua mimi. Sikutangaza kwamba ni toba, lakini nadhani Bibi Leutu alijua. Nilikusanya tondoo ndoo mbili chini ya mitondoo iliyobaki ufukoni, nikazivunja kwa jiwe, nikatwanga viini siku hiyo hiyo kwa kiherehere changu. Nikapata uji mweupe mchungu usio na hata tone la mafuta. Nilimpelekea Bibi Leutu kwenye bakuli. Alinusa, akamwita paka, paka akanusa akaondoka.

"Kiini kibichi hakina mafuta," aliniambia. "Kianike juu ya bati miezi miwili. Mvua ikitaka kunyesha ukimbie ukaanue kabla ya nguo zako. Kikiwa rangi ya kahawa na kinanata vidoleni, hapo ndipo kimekubali."

Miezi miwili, jamani. Nilikimbizana na mvua kama mwenda wazimu. Majirani walikuwa wakiniona natoka mbio nyumba ya sala na khanga kichwani, wanaulizana nani kafa. Lakini viini vilibadilika kweli: kutoka weupe hadi njano, hadi hudhurungi, vikaanza kutoa jasho vyenyewe juani. Tulipovikamua, mafuta yalitoka mazito, ya kijani kilichokoza, yenye harufu ambayo ukishaipata haikuachi wiki nzima. Kabla ya taa za umeme bibi zetu waliyawasha, na mpaka leo tunajipaka ngozi ikichunika na jua. Chupa tatu nikampa Penitoa. Yaliyobaki nilipaka magoti yangu, maana nayo yalikuwa yamefanya kazi.

Gogo lilitoka topeni Novemba, jeusi, linanuka mayai. Akaliacha kivulini litiririke, kisha akaanza kuchonga bila haraka. Asubuhi shambani, mchana baharini kutafuta kitoweo, alasiri tezo, maana hakuna aliyemlisha. Kila alipofika mahali pa mashaka alimwita mama yake. Bibi Leutu aliweka viganja viwili juu ya mti, Penitoa akagonga kwa kifundo cha kidole, polepole, isije ikahesabiwa kuwa ni kupiga.

"Hapa bado pana nyama," mama alisema. "Toa. Hapo acha. Mdomo uwe mnene katikati, usiwe mroho wa kuchimba kama mara ya kwanza."

Kila jioni akaipaka mafuta ya tondoo, ndani na nje, mpaka mti ukakataa kunywa zaidi.

Moegalu alichagua Jumatano moja ya Februari, siku isiyo na sababu yoyote. Alinipitia mimi niwe shahidi wa pili. Tulimkuta Bibi Leutu anasuka mkeka. Hakushangaa kutuona, ila alimtazama chifu juu mpaka chini, akasema, "Moegalu, hilo tumbo unakwenda kujifungulia wapi?" Chifu akajifanya hakusikia, ingawa masikio yake ni mazima.

Tukaletewa kakao. Jua likashuka. Bibi Leutu akaanza kutupia macho nyumba za jirani, kama alivyozoea, na vidole vyake vikawa na haraka isiyo ya kusuka. Kisha mtungi ukalia, wito wa kwanza. *Ngeng ngeng ngeng*. Moegalu alikuwa akimtazama usoni. Bibi Leutu akavuta ukindu mwingine akaendelea kunieleza kwamba mkwe wa fulani anapika wali bokoboko. Hakusikia chochote. Nikaona Moegalu anatikisa kichwa kidogo, na naapa uso wake ulikuwa na huzuni. Nadhani na yeye alikuwa akitaka.

Wito wa pili ungekuwa wa lali, iliyokuwa imeshapelekwa kanisani. Kutoka kwao mpaka kanisani ni kama kilomita moja na ushee, katikati kuna kijito na minazi. Nikaanza kuomba kimoyomoyo, nikaomba vibaya, nikawa narudia tu, *Bwana, mafuta yalikaa miezi miwili.*

Ikaja. Haikuja kama mtungi, kwa kugonga. Ilikuja chini chini, ikapita kwenye kokoto za sakafu, ikanipanda miguuni.

Vidole vya Bibi Leutu vikasimama.

Pigo la pili. La tatu. Akaweka mkeka chini. Akanyoosha nguo yake magotini, akajifuta midomo, akamtazama Chifu Moegalu kwa jicho lile lile alilonitazama nalo nilipokuwa na miaka minane.

"Mbona umekaa na kikombe?" alimwambia. "Sala imeita."

Moegalu akaweka kikombe chini kama mtoto. Bibi Leutu akafumba macho, akaanzisha wimbo mwenyewe, kwa sauti, bila kusubiri bega lake liguswe na mtu. Aliimba mstari mzima peke yake kwa sababu sisi wawili tulishindwa kuanza. Kisha chifu akaingia kwa besi yake, na yule mama akafumbua jicho moja, akamkubalia kwa kichwa. Lali ilikuwa bado inapigwa. Machozi yalinitoka na sikuyafuta.

Ulipopigwa wito wa tatu, tukawa tumeachiliwa, na nilikuwa nimeshasimama. Bibi Leutu alinishika mkono.

"Yule ni mwanangu anayepiga," alisema. Hakuuliza. "Mwambie mkono wa kushoto unachelewa. Baba yake alikuwa na kasoro hiyo hiyo."

Mimi si mtu wa kukimbia. Mwili wangu haukupangwa hivyo. Nilikimbia. Nilivuka kijito na viatu mkononi, vijana wa barabarani wakapiga miluzi, nikafika kanisani sina pumzi. Penitoa alikuwa amesimama mbele ya lali na fimbo zake, jasho linamtiririka, watu wamemzunguka. Hakuna aliyejua kitu. Alinitazama, akateremsha fimbo.

"Amesema," nikavuta pumzi, "amesema mkono wako wa kushoto unachelewa."

Penitoa alikaa chini pale pale, akaegemeza paji la uso kwenye lali yake, na yule mtu mkubwa akalia kwa sauti, bila kujificha. Watu walichelewa kidogo kuelewa. Walipoelewa, kelele iliyotoka nadhani ilisikika Apia. Vijana wale wale wa Pigo Moja wakaubeba mtungi wa gesi juujuu, wakaupeleka nyuma ya jiko la mchungaji, na mpaka leo kuku wanalalia hapo.

Kesho yake asubuhi machifu walikuja nyumbani kwa Penitoa kwa mstari, Moegalu mbele, na nyuma yao nguruwe mzima aliyeokwa, majimbi, samaki, mikeka miwili mizuri. Chakula cha fundi, miezi yote tuliyomnyima, kimeletwa kwa siku moja. Moegalu aliketi chini mbele ya mtu asiye na cheo akatoa hotuba ndefu ya heshima, na Penitoa akajibu kwa polepole yake, hata nguruwe akapoa. Kuku wawili waliokuwemo walikuwa wangu. Nilichagua wanono.

Siku iliyofuata, jioni, nilikuwa natoka shambani na mzigo mgongoni. Lali ikalia wito wa kwanza nikiwa mbali na kwangu, nikaanza kukaza miguu. Mbele yangu, katikati ya barabara, alikuwa Bibi Leutu na kikapu cha majani ya majimbi, anatembea taratibu, kichwa juu, anawaitikia vijana walioinama kumsalimu. Nilipomfikia akanitazama ninavyohema, akaniashiria kwa mkono nipunguze mwendo.

"Taratibu, mwanangu," alisema. "Huo ni wa kwanza tu."